Kesi ya Abalo na Malori ya Fabiano

Siku ya tatu baada ya Alum kuzikwa, Fabiano alifika Kibuli, Kampala, na bahasha, gunia la mchele na pole nyingi. Lori lake la mchanga ndilo lililomgonga Alum kando ya barabara, amesimama na mfuko wa vitambaa, akingoja kuvuka. Abalo, mama wa marehemu na sajenti mstaafu wa polisi, alimwacha aseme mpaka amalize, kisha akamrudishia bahasha yake.

"Dereva wako alikanyaga breki, hazikushika. Na alikuwa amekuambia mapema kwamba ni mbovu."

"Mama, haya ni mambo ya Mungu."

"Mungu hanunui breki. Beba na mchele wako."

Dereva alifungwa. Abalo hakwenda hata kusikiliza hukumu yake. Miaka ishirini na saba ya upolisi ilikuwa imemfundisha kwamba dereva akifungwa, tajiri huajiri mwingine wiki hiyohiyo. Aliyemtaka ni Fabiano, na alitaka aumie.

Wakili wa Abalo, Goretti, hakumficha kitu. "Mama, korti haina mizani ya uchungu. Itauliza Alum alikuwa anapata kiasi gani kwa mwezi, angefanya kazi miaka mingapi zaidi, na nani walikula kwa jasho lake."

"Watoto wake wawili. Baba yao hajulikani aliko."

"Basi tuthibitishe hayo mengine."

Alum alikuwa fundi cherehani, umri wa miaka thelathini na mmoja. Siku ya kusikilizwa kesi ya fidia, wakili wa Fabiano alisimama akasema marehemu hakuwa na karatasi ya mshahara, wala akaunti ya benki, wala leseni ya biashara. Kwa hiyo korti imhesabu kuwa hakuwa na kipato. Nyuma yake, Fabiano akaitikia kwa kichwa. Abalo alikiona kile kichwa kikipanda na kushuka. Amemuua, sasa anamfanya kama hakuwahi kuwa mtu, aliwaza.

Jaji aliwapa wiki tatu walete ushahidi.

Abalo alichukua daftari ambalo Alum aliandikia vipimo vya wateja: kifua, kiuno, urefu, na namba ya simu. Akaanza kazi kama aliyepewa jalada la mauaji. Alipanda boda boda mpaka Bugolobi kumtafuta bibi mmoja aliyeshonewa gomesi za harusi, yale magauni marefu ya Kiganda. Alikaa mlangoni kwa mwalimu mkuu aliyekuwa akiagiza sare kila muhula, mpaka akaandikiwa barua yenye muhuri. Aliyesitasita kuja kortini alisikia sauti ya sajenti.

"Nguo zake unazivaa?" alimuuliza mmoja kwenye simu. "Basi na mdomo unao."

Walikuja kumi na wanane, wamevaa nguo za Alum. Wakili wa Fabiano akacheka kidogo.

"Nani atatuhakikishia kwamba marehemu ndiye aliyeshona hizi?"

Loice, Mkenya anayeuza viatu, alikuwa kizimbani. Akageuza ukosi wa blauzi yake. Ndani palikuwa na jina lake, limeshonwa kwa uzi mwekundu.

"Alifanya hivi kwa kila mtu, nguo zisichanganyike," alisema. "Muulize yeyote hapo afunue." Wanawake wakaanza kufunua kola mmoja baada ya mwingine, mpaka jaji akasema imetosha.

Hukumu ilikubali kipato cha Alum. Jaji alisema angeweza kushona mpaka uzeeni, lakini kwa kuwa mtu huugua na biashara huyumba, akahesabu miaka ishirini. Kisha akatoa theluthi moja, sehemu ambayo Alum angeitumia mwenyewe.

"Wanamkata chakula ambacho hatakila?" Abalo alinong'ona kwa hasira.

"Ndivyo sheria inavyopima, Mama. Korti inafidia walichopoteza watoto tu."

Fidia iliyobaki ilitosha kumtoa Fabiano jasho. Miezi miwili alijificha. Halafu akaja tena Kibuli, safari hii bila bahasha, akiomba alipe kidogo kidogo.

"Mwanangu hakufa kwa awamu," Abalo alimjibu, akafunga mlango.

Goretti akaomba amri ya kukamata mali. Dalali wa mahakama aliyakuta malori matatu kwenye yadi, likiwemo lile lililomuua Alum, limeshapakwa rangi mpya. Siku ya mnada Abalo alivaa vizuri akakaa mbele kabisa, ili Fabiano asipate pa kutazama bila kumwona.

Pesa za watoto ziliwekwa benki kwa amri ya korti mpaka watakapokuwa watu wazima. Fabiano amebaki na lori moja. Wakikutana njiani humsalimu Abalo kwa heshima, "Shikamoo afande," naye humkazia macho na kupita.