Wilfried Alivyomnyamazisha Félicité

Wilfried Bukuru alijaliwa kipaji kimoja tu, kuchekesha watu, naye akakionea aibu.

Miaka ile alipokuwa akiandikia televisheni moja ya Uvira michezo ya kila juma, sisi wa Baraka tulijazana kwenye nyumba yoyote yenye umeme wa jua, tumwone mwigizaji Félicité akimgombeza mume wake mvivu wa mchezoni. Maneno yalikuwa ya Wilfried, ulimi wa Félicité. Kesho yake bamama waliyarudia sokoni wakipima ndagala, dagaa wa ziwa letu.

Kisha akaenda Bujumbura kwenye mafunzo mafupi ya sinema. Alirudi na kofia na dharau. Michezo yake mwenyewe sasa aliiita takataka. Akaacha kazi, akaazima kamera, akatangaza kuwa yeye ni mwongozaji wa kujitegemea. Filamu ya kwanza ingehusu mjane wa kijiji cha Nundu, na mjane angekuwa Félicité.

"Mi nitasema nini?" Félicité alimuuliza.

"Hautasema kitu. Utatembea."

"Wilfried, batu banapenda nisemaka. Ni we mwenyewe ulikuwa unaniandikiaka."

"Ile ilikuwa mambo ya kuchekesha. Sasa mi iko nafanya sinema."

Akatembea, maskini, kwa heshima ya zamani.

Filamu ilionyeshwa kwenye ukumbi wa kanisa, Jumapili baada ya ibada. Tulimwona Félicité akipanda kilima na bidoni ya maji. Tukamwona akishuka. Akaketi, akalitazama ziwa kwa muda wa kuivisha maharage.

"Atasema saa ngapi?" aliuliza Mama Pulchérie, jirani yangu kwenye benchi.

Hakusema. Shemeji yake aliingia nyumbani, akajilaza kwenye mkeka, na mjane akamkodolea macho tu. Hapo Eddy, fundi wa pikipiki, akashindwa kuvumilia. Akapaza sauti nyembamba ya ule mchezo wa zamani: "We mwanaume, hata mbuzi banatokaka asubui kutafuta!"

Ukumbi ukalipuka. Félicité, aliyekuwa mbele, aliinamisha kichwa kidogo, kisha akasimama akaendeleza mwenyewe, neno kwa neno, huku watu wakipiga mabenchi.

Wilfried aling'oa waya wa projekta. "Ninyi hamujue sinema! Munajua tu kucheka!"

"Na we ulikuwa unajua tu kuchekesha," Félicité akamjibu. "Ulikosa nini?"

Wilfried alikunja kitambaa cheupe cha kuonyeshea filamu, akaondoka.

Baadaye filamu ilionyeshwa Bukavu, mbele ya wageni waliopiga makofi ya adabu, na yeye akawaeleza kuwa watu wa kwao hawajaelimika. Siku hizi yuko Fizi-Centre akitafuta waigizaji wa filamu ya pili. Anataka wasiowahi kuigiza, kwa kuwa hao, anasema, hawabishi.

Félicité anaigiza redioni. Anajiandikia mwenyewe. Maneno yake hayafikii yale ya Wilfried, na hilo ndilo nisiloweza kumsamehe yule bwana.