Mama Zaina na faili zisizofunguka

Saa mbili asubuhi umeme unarudi Makiso, mtaa wa Kisangani, na Zaina Bilali anavuta kiti. Mbele yake ipo kompyuta ya shule moja iliyogoma tangu juzi. Kioo ni cheusi. Maandishi meupe yanateremka mstari kwa mstari, naye anayafuata kwa ncha ya kalamu huku midomo ikimcheza kimyakimya.

Kalamu inasimama. "Huyu ndiye hayuko," anasema, na kuanza kupekua diski zake.

Kinachokosekana ni faili moja tu, ya zile ambazo mafundi huziita maktaba za pamoja. Si barua wala picha. Ni kazi iliyoandikwa mara moja na kuwekwa mahali pamoja ili programu nyingi ziitumie. Ukiibofya haifunguki. Ikipotea, programu inayoitegemea haiamki.

"Mutu anafungua programu, anawaza iko kitu kimoja," anaeleza. "Hapana. Nyuma yake iko mafichier, mafaili mingi, inasaidia. Donc kazi yangu ni kujua nani anasaidia nani."

Zaina ana miaka 44. Ni wa ukoo wa Waislamu waliokaa Kisangani tangu enzi za babu wa babu yake, wengi wao washonaji. Alipofungua chumba hiki aliandika mlangoni "Maktaba". Wanafunzi wakawa wanaingia kuulizia vitabu vya historia, na mmoja akakasirika kabisa kukosa. Siku hizi kibao kinasema "Dépannage", Kifaransa cha kuondoa panne, yaani hitilafu za mashine, na wateja humwita Mama Zaina.

Safari anayokumbuka kuliko zote ilianzia kwenye simu, mwaka jana, katikati ya mvua. Aliyepiga ni Delphine, muuguzi wa kituo kidogo cha afya karibu na Opala. Kompyuta ya kituo ilikuwa inawaka vizuri, ila programu ya orodha ya wagonjwa ilikataa kufunguka. Ndani yake mlikuwa na majina ya watu 213 waliokuwa wakitumia dawa za kifua kikuu, kila mmoja na mwezi wake wa matibabu. Daftari la karatasi lilikuwa limelowa paa lilipovuja, kurasa zikagandana.

Delphine alikuwa na nakala kwenye flashi, lakini nakala hiyo nayo haisomeki bila programu ileile. Arsène, kijana aliyeiandika, alikwisha kuhama nchi na namba yake haikuita tena. Zaina alimwomba Delphine jambo moja: asiguse kitu, wala mtu mwingine asiguse. Kesho yake akapanda pikipiki, kompyuta yake ya mkononi ameifunga kwa plastiki kifuani.

Barabara ilimchukua siku mbili. Mara nne alishuka na kusaidia kusukuma matopeni. Alipofika, Delphine alimpa maji ya kunawa na sahani ya lituma, ndizi za kupondwa, na samaki, akakataa kuzungumza habari ya kompyuta mpaka mgeni ashibe.

Zaina alichomeka flashi yenye zana yake ya kusaka hitilafu, ile inayoonyesha programu inakwama kwenye hatua gani. Zana nayo ikakataa kufunguka. Nayo hutegemea maktaba za pamoja, na hizo pia zilikuwa zimetoweka. Hakuzibeba, kwa sababu miaka yote alizikuta ndani ya kila mashine. Kompyuta yake mwenyewe haikuweza kumkopesha: ni ya kizazi kipya, na faili zake hazipatani na mashine ya zamani kama ile. Mtandao wa kupakua haukuwapo.

"Daktari mwenyewe alikuwa mugonjwa," anasema. "Nilitoka inje nikasimama kwa veranda. Niliona haya. Mama ya watu amenipikia, na mimi sina kitu."

Hapo ndipo Henri alipomfuata. Henri ni karani wa kituo, mwenye miaka 57, mtu wa maneno machache. Alisimama kando yake, akasema polepole: "Mama, ni mimi nilifuta. Mashine ilikuwa inasema nafasi imeisha. Nikaona mafichier haifunguke, nikawaza iko takataka."

Zaina hakumkaripia. Alimwambia kwamba mwaka 2008, akiwa mpiga chapa katika duka moja la fotokopi mjini, naye alifuta faili kama hizo kwa fikra ileile, na duka likasimama wiki nzima. Bosi wake hakumfukuza. Alimwambia akae hapo mpaka ajue amefuta nini, naye amekuwa akijifunza tangu siku ile.

Maneno hayo yalimlegeza Henri. Akakumbuka kwamba kompyuta za kituo zililetwa mbili, siku moja, za aina moja. Ya pili ilipasuka kioo, ikatupwa stoo. Wote watatu waliingia kuitafuta, wakaikuta chini ya marundo ya vyandarua, imejaa mavumbi na kinyesi cha mijusi.

Zaina aliifungua kwa bisibisi, akatoa diski na kuiunganisha kwa kebo kwenye kompyuta yake. Faili zilikuwamo. Alianza na nne zinazobeba zana ya kusaka hitilafu, ili aache kubahatisha. Zana ikaamka. Kuanzia hapo ilimtajia moja moja kilichokosekana kwenye programu ya wagonjwa, naye akarudisha, akajaribu, akarudisha tena. Zilikuwa tisa.

Adhuhuri ya siku yake ya pili kituoni orodha ilifunguka. Delphine alisoma jina la kwanza kwa sauti, kisha akakaa chini na kujifuta uso kwa ukingo wa kitenge. Alasiri hiyo alipanda baiskeli kuwatafuta waliokuwa wamekosa dawa. Kufikia mwisho wa wiki aliwapata wote isipokuwa wawili waliokwenda mashambani ng'ambo ya mto Lomami. Mmoja alirudi baadaye. Wa pili hajulikani alipo hadi leo, na Zaina humtaja kwa jina bila kuulizwa.

Tangu hapo hasafiri bila diski yenye maktaba za zana zake, zimepangwa kwa aina ya mashine. Anatengeneza nyingine saba kwa ajili ya vituo vya kando ya Lomami, kila moja na daftari lililoandikwa kwa Kingwana, Kiswahili cha huku. Ukurasa wa kwanza unasema: usifute kitu kwa sababu tu hakifunguki. Daftari hilo analisahihisha Henri, anayekuja Kisangani mwezi ujao kujifunza kwa wiki tatu na atalala kwa kaka yake Zaina. Baada yake Zaina anataka kuwafundisha makarani wengine, wawili wawili.

Namuuliza anatarajia nini makarani hao wakishajua kazi. Anacheka, anaweka kalamu chini.

"Nataka kurudi Opala mikono mitupu," anasema. "Bila kompyuta, bila bisibisi. Nifike, nikule samaki ya Delphine, nisalimie watu, nilale. Na hakuna mutu ataniita kwa panne."