Aliyeanguka Kifudifudi

Nilimwahidi mjomba wangu, nuru ya macho yake ilipoanza kufifia, kwamba nitamwonyesha uso wake wa ujanani kabla hajawa kipofu kabisa. Nilikuwa nimetoka chuoni karibuni, nikiamini kwamba hakuna kazi ya mtu inayostahili kupotea.

Kazi yake ilikuwa kupigwa. Katika filamu za karate zilizorekodiwa Diani, alikuwa mmoja wa majambazi wanaomvamia staring, shujaa wa filamu, na kuangushwa kwa teke moja. Waigizaji walikuwa wachache, kwa hiyo mtu aliuawa asubuhi, akabadilishiwa kilemba, akauawa tena alasiri. Ili watazamaji wasimtambue, sharti lilikuwa moja: kuanguka kifudifudi, uso mchangani. Mjomba alilitii kwa miaka mingi, na bega lake la kulia halinyanyuki hadi leo. Mara moja tu, alinisimulia, aligeuka akaitazama kamera kabla ya teke kumfikia. Nyumbani kwake Munje hakuna picha yake nyingine ya umri ule.

Muuza filamu wa Kona ya Musa alinicheka.

“Buda, watu wote wanataka staring. Wewe unatafuta maiti?”

Hata hivyo alipekua masanduku yake hadi akaipata filamu ile aliyogeuka mjomba.

Tuliitazama mchana uleule, mjomba akiwa amesogeza kiti hadi pua ikakaribia kuigusa runinga.

“Huyo mimi,” alisema. Ulikuwa mgongo. “Na huyo.” Mgongo tena, safari hii chini ya kilemba chekundu.

Mkewe alishindwa kujizuia. “Bwana wee, kwani ulizaliwa mgongo mtupu?”

“Ngoja, sasa hivi nageuka.”

Kilemba chekundu kilianza kugeuka, kisha picha ikarukia kwa staring akijifuta jasho. Uso ulikuwa umekatwa.

Nilirudisha nyuma mara kadhaa, mpaka mjomba akaniambia nizime.

“Nilikuwa nacheka, mwanangu, au nilikuwa nimekasirika? Mimi sikumbuki tena.”

Ningeweza kumjibu lolote, naye angeliamini. Nilizima runinga.

Sasa haoni kitu. Nakala nyingine nilizozipata, hadi Msambweni, zimekatwa palepale, na sidhani kwamba nitaipata iliyo kamili. Lakini ikiwa wewe unayo, mtazame jambazi wa kilemba chekundu anapogeuka. Naomba uniambie: anacheka, au amekasirika?