Njahi za Mama Shiro

Watu wa Kaloleni, hapa Kisumu, wakikuambia kwamba Habiba Obiero hana wivu, jua wametoka kula kwake na hata mikono hawajanawa. Wivu anao. Amezaliwa nao, kama mwingine anavyozaliwa na mwanya. Mama yake alikuwa mpishi wa Malindi aliyeolewa na Obiero wa Kombewa, Mjaluo aliyesilimu kwa ajili yake, na kutoka kwa mama huyo Habiba alirithi vitu viwili: mkono wa kupika, na masikio yasiyovumilia mkono wa mwingine ukisifiwa.

Kwa miaka thelathini, mwanamke akijifungua mtaani, supu ya mzazi ilitoka kwa Habiba. Nyama ya ng'ombe na mifupa yake, tangawizi, kitunguu saumu, mdalasini, na pilipili manga nyingi kiasi cha kumtoa mtu jasho kwenye kope. Waliokunywa walisema inasafisha tumbo. Wengine walilia, lakini walilia kwa adabu na bakuli likarudi tupu.

Sasa zamu ilikuwa ya Safa, mtoto wake wa pekee. Safa ameolewa Kisian, na baada ya kujifungua alirudi kwa mama yake kukaa arobaini, maana mtoto wa kwanza hulelewa kwa bibi mzaa mama. Habiba alikuwa ameisubiri siku hiyo tangu Safa avunje ungo. Alinunua sufuria mpya. Alinunua godoro. Alimpokea mjukuu, msichana aliyepewa jina la Ikhlas, na kesho yake alfajiri akawasha jiko la makaa.

Siku ya tisa Safa alisukuma bakuli pembeni.

"Mama, siwezi. Inanichoma mpaka tumboni."

"Ndiyo kazi yake. Kunywa."

"Tangu Jumamosi sijamaliza hata bakuli moja. Na maziwa hayaji, unamwona Ikhlas mwenyewe anavyolia." Kisha akageuza uso dirishani, akavuta pumzi, na akasema maneno ambayo mama yake hajayasahau hadi leo. "Ile inayonukia ni ya Mama Shiro, si ndiyo? Mama, niombee bakuli moja tu."

Habiba alihisi kama amepigwa kofi na mtu ambaye yeye mwenyewe alimnyonyesha. Kwa hakika, ndivyo ilivyokuwa.

Mama Shiro ni Rahab, jirani wa ukuta mmoja, mjane aliyetoka Nyeri na anayeuza nguo za watoto za mitumba katika soko la Kibuye. Ni miaka kumi na mmoja tangu ahamie hapo. Kila Idi Habiba humpelekea sahani ya pilau, na kwa kuwa sahani ya jirani hairudi tupu, kila Krismasi Rahab huirudisha ikiwa na chakula chake. Habiba huipokea kwa mikono miwili na shukrani tele. Mlango ukishafungwa, huwapa watoto wa Awuor wa nyumba ya tatu. Krismasi kumi na moja, hajawahi kuonja hata punje.

Na sasa kwa wiki tatu, kila siku, harufu ilikuwa inavuka ukuta: nyama, karoti, mchicha wanaouita terere, dhania, na njahi, yale maharagwe meusi yenye mstari mweupe ambayo kwao Rahab hupikiwa mwanamke aliyejifungua ili maziwa yajae. Habiba alishamwona akizipeta mlangoni. Alishajiuliza pia zinapikwa za nani, kwa kuwa nyumba ile haikuwa na mzazi, na jibu alilojipa ni la mtu mwenye wivu: ananipikia mimi, anipige nazo puani.

"Nyama ya pale hatujui imechinjwa na nani," akamwambia Safa. "Wewe ni Mwislamu. Unataka kula haramu kwenye arobaini?"

Safa akageukia ukuta. Dini ikishatajwa, mtoto wa watu atasema nini?

Jioni ile simu ikalia. Mama mkwe wa Safa, kutoka Kisian. Alikuwa ameongea na mwanawe Rayyan, na Rayyan alikuwa ameongea na mkewe, na mkewe alikuwa amelia.

"Dada Habiba, mimi sitaki maneno," alisema. "Ijumaa nakuja na gari. Nikikuta mtoto bado anakonda, wote wawili nabeba. Arobaini watamalizia huku."

Siku hiyo ilikuwa Jumanne. Habiba aliketi na ile simu mapajani mpaka ikazima taa yake. Angeweza kubisha hodi kwa jirani, ni hatua kumi na mbili tu. Badala yake akaamua kupika njahi mwenyewe, na kumshinda Rahab kwa silaha ya Rahab.

Jumatano asubuhi alikuwa Kibuye, kwa Beldina muuza nafaka, akiwa amejitanda mtandio mpaka puani kana kwamba amekuja kununua bangi.

"Njahi? Leo Mama Safa anakula njahi?" Beldina akacheka akipima. "Lakini hiyo kitu si ya haraka, mama. Lazima ilale kwa maji. Halafu ukiichemsha..."

"Beldina, nimepika maharagwe kabla mama yako hajaolewa."

"Haya basi. Mimi ni wa kuuza tu."

Na hapo ndipo Habiba alipojiharibia. Nusu ya somo aliisikia asiitie maanani, nusu nyingine aliikata mdomoni mwa mtu. Alifika nyumbani saa nne, njahi zikaingia sufuriani kavu, nyama juu yake, karoti, viazi, terere, kila alichokinusa ukutani. Aliongeza makaa mara tatu. Saa tisa supu ilikuwa nyeusi kama maji ya kufulia sare za shule, na njahi zilikuwa bado zinagonga upawa. Aliionja. Ilikuwa chungu. Akaongeza chumvi, na sasa ikawa chungu yenye chumvi.

Ungedhani angeimwaga. Wapi! Alimpelekea Safa.

Safa alikunywa kijiko kimoja, akatafuna njahi moja, ikalia tak kwenye jino. Akaitoa mdomoni, akaiweka kiganjani akaitazama. Kisha akaanza kulia bila sauti, na Ikhlas akamsaidia kwa sauti. Habiba alisimama na bakuli lake akiwasikiliza wote wawili. Kwa mara ya kwanza katika miaka thelathini alikuwa mpishi ambaye mtu wake ana njaa.

Alhamisi alikwenda kununua nyama nyingine. Bucha ya Abdulrahman iko karibu na msikiti, na Habiba ni mteja wake tangu wakati wa baba yake.

"Leo umemtangulia Mama Shiro," Abdulrahman akasema, akinoa kisu. "Kidari bado kiko, nikukatie?"

"Mama Shiro gani?"

"Kwani tuna wangapi? Jirani yako."

"Tangu lini Rahab ananunua hapa?"

"Tangu ahamie. Alikuja akaniuliza, 'Wewe ndiye unauzia Mama Safa?' Nikamwambia ndiyo. Akasema, 'Basi na mimi utakuwa unanikatia hapo hapo, ndiyo siku akikula kwangu asiwe na wasiwasi.' Miaka kumi na mmoja hiyo. Buchari ya karibu na stendi angepata rahisi, lakini huja hapa."

Habiba alilipa, akasahau nyama kaunta, akarudi kuichukua, akaondoka tena. Njia nzima alikuwa anahesabu zile sahani za Krismasi. Kila moja nyama yake ilikuwa imekatwa na kisu kile kile. Aibu ilimpanda mpaka masikioni, na chini ya aibu, bila kuona haya, wivu bado ulikuwa umekaa: hata mchinjaji wangu kumbe tunagawana.

Alipofika alichukua bakuli na kwenda kubisha hodi. Mlangoni ndipo alipogundua kuwa bakuli ni tupu. Katika maisha yake hakuwahi kwenda kwa mtu na chombo kitupu.

Rahab alifungua akiwa na mwiko mkononi. Nyuma yake, jikoni, palikuwa na sufuria ya kulisha watu kumi.

"Mama Safa! Karibu, karibu ndani."

"Nani amejifungua hapa?" Habiba akauliza. Hakukusudia kuanza hivyo.

Rahab alitazama sufuria, akavuta kigoda akakaa.

"Shiro," akasema. "Wiki tatu sasa. Huko Nairobi. Nilikuwa nishapanga nguo kwa begi, njahi nishanunua, nikapiga simu nimwambie nakuja kesho. Akaniambia, 'Mum, usijisumbue, mama ya Wachira ako hapa, ndiye ananipikia.'" Akakung'uta mwiko kwenye goti. "Mtoto ni wangu, lakini supu ni ya mama ya bwana yake."

"Na hii yote unampikia nani?"

"Sijui, Mama Safa. Naamka asubuhi napata nishaziloweka. Napikanga, halafu nawapea watoto wa Awuor. Naskianga wako akilia hapo kwa ukuta nasema nipeleke, halafu nasema wacha, ule ni mtu wa kujipikia, atafikiri namdharau." Akauweka mwiko chini. "Na si nikuambie ukweli? Nakuonea wivu. Wako amekuja nyumbani."

Nisikufiche: jambo la kwanza lililomjia Habiba lilikuwa furaha. Alionewa wivu! Yeye! Na Rahab! Furaha hiyo ilidumu muda wa kumeza mate. Kisha akaiona Ijumaa, gari la Kisian mlangoni, godoro jipya tupu, na yeye mwenyewe asubuhi ya Jumamosi akiwasha jiko kwa mazoea, akichemsha supu isiyo na mtu. Akaona kuwa kati yake na kigoda kile ilikuwa imebaki siku moja.

"Zangu zilikuwa nyeusi," akasema. "Na chungu."

"Ulimwaga maji ya kwanza?"

"Kumbe yanamwagwa?"

"Ngai! Hayo lazima umwage."

Rahab akajiziba mdomo kwa kiganja asicheke, kisha akanyoosha mkono apokee bakuli. Habiba akalirudisha nyuma. Hapo ndipo palipomgharimu, na anayefikiri ni jambo dogo hajawahi kuwa na mtoto mmoja.

"Sichukui," akasema. "Beba sufuria uje. Umlishe mwenyewe."

Rahab alimlisha. Alikaa ukingoni mwa godoro lile jipya, akiiponda njahi kwa nyuma ya kijiko, akipuliza. Nyama ilikuwa laini, viazi vilikuwa vimeanza kuyeyuka kwenye mchuzi, na Safa alikula bakuli la kwanza bila kunyanyua macho, la pili akilegea mabega. Alipomaliza akamshika Rahab mkono, akasema, "Asante, mama." Habiba, aliyekuwa amesimama na kitambaa mlangoni, alisikia neno lile likimwingia mbavuni. Akaenda uani kuosha bakuli ambalo tayari lilikuwa safi.

Safa alilala mchana kutwa. Jioni akala tena, usiku akala tena, na kufikia asubuhi maziwa yalikuwa yameanza kuja, si mengi, lakini ya kumnyamazisha Ikhlas.

Mama mkwe alifika saa nne na gari lake. Alimkuta mjukuu ananyonya huku amefumba macho, na mke wa mwanawe anakula kwa mikono yake mwenyewe. Akaomba kijiko. Akaonja. Akaonja tena.

"Hii supu imepikwa na nani?"

Swali hilo Habiba ameulizwa maisha yake yote, kwenye harusi, kwenye matanga, kwenye arobaini za watu, na siku zote jibu limekuwa moja. Rahab aliinamisha uso, akijifanya kutafuta kifuniko.

"Ni ya Mama Shiro," Habiba akasema. Lilimtoka kama jino.

Kisha akachukua kijiko kutoka mkononi mwa mgeni, akachota, akaonja mbele ya wote. Ilikuwa mara ya kwanza, baada ya miaka kumi na mmoja. Alimeza polepole. Supu ilikuwa nzuri, na hilo ndilo lililomuuma.

"Chumvi imepungua," akatangaza.

Rahab akamtazama, akacheka, akamsukumia kopo la chumvi.