Kidole cha Malaika

Kila Jumamosi mwanamke anayetunza funguo za kanisa la kijiji hufunga bawa la bata bukini kwenye ufito mrefu wa kupandishia maharage, na kuwapangusa vumbi malaika wanono waliofinyangwa darini. "Geuka huko, tumbo hilo!" huwaambia. Mgeni akifika, humshika kiganja na kukibandika kwenye nguzo. "Baridi? Hapana? Basi si marumaru, ni plasta. Wazee wetu wa Bavaria hawakuwa na kitu, ila kwa kudanganya macho hawakuwa na mpinzani." Kisha humwonyesha malaika asiye na kidole gumba cha mguu. "Waswidi hao! Walikivunja katika vita vya kale, walipoivamia nchi yetu." Hapa kijijini hata kuku akipotea, kachukuliwa na Waswidi.

Juzi alikuja Korbinian, fundi wa plasta, kuwakarabati malaika. Akacheka kule juu ya jukwaa la ujenzi. "Bibi, mlangoni pameandikwa kanisa lilijengwa 1738. Waswidi walikuwa wameshaondoka karibu miaka mia kabla!"

"Basi walirudi," bibi akajibu, akifuta benchi lile lile mara ya tatu. Hatimaye akaingiza mkono mfukoni mwa aproni, akafungua leso. Ndani mlikuwa na kidole cha plasta, kimelainika kwa kushikwashikwa.

"Umekitoa wapi?"

Akautikisa ule ufito wenye bawa, manyoya mawili yakadondoka. "Nilikuwa na miaka kumi na tisa, nikipangusa kwa mkono mzito. Kibandike, mwanangu, lakini uache ufa kidogo."

"Ufa wa nini tena?"

"Nikiwafukuza Waswidi, wageni nitawasimulia nini?"