Nilimtumia mama muvi ya Kikorea ili aniambie baba alikufaje

Wakuu, heshima zenu. Ninayoandika hapa sijayatia chumvi, na aliyekuja kutafuta kucheka apite tu, leo hapa hakuna.

Niko Guangzhou. Nanunua nguo soko la Shisanhang, nazituma Dar na Zanzibar. Mzigo ukichelewa nashinda jengo la Tianxiu, ofisini kwa Deo, Msukuma wa Mwanza anayesafirisha mizigo. Rafiki yangu sana, ingawa mdomo wake haupumziki.

Deo ana ugonjwa wa muvi za Kikorea. Jumapili moja mvua imetufungia ndani, akaweka moja yenye maandishi ya Kiingereza chini.

Hadithi yenyewe ni hivi. Mji mdogo, wanajeshi wanaingia, fundi cherehani anatolewa dukani kwake, harudi tena. Mkewe hasemi kitu. Binti anakua, anauliza, mama anakata vitambaa tu. Mpaka uzeeni, siku wamekaa wanamenya vitunguu saumu, mama anaanza mwenyewe. Anasema yote.

Hapa nitoke nje ya mada kidogo. Hawa Wakorea historia ya nchi yao hawaileti kwa marais na hotuba. Wanaiweka jikoni, kwa mtu mmoja ambaye chakula hakimpiti kooni. Unadhani unamwangalia mama wa mtu, kumbe unaiangalia nchi nzima. Yetu sisi nani ameiweka popote?

Nililia wakuu. Mtu mzima na ndevu zangu.

Deo akashtuka. "We laoban vipi? Si muvi tu hiyo?" Ndivyo tunavyoitana huku, kila mtu bosi.

Nikamweleza. Kisiwani kwetu, vurugu za baada ya uchaguzi, mimi bado mdogo. Baba alitoka kwenda msikitini, akakutana na watu wenye bunduki. Hatukuletewa mwili, kaburi hatuna. Mama alikuwa amemfuata nyuma, kwa hiyo aliona. Lakini kila nikimuuliza ananijibu, "Ushakula?"

Sasa mama yangu, kama wamama wengi wa nyumbani, hana raha kama muvi za Kikorea zilizotafsiriwa na madijei wetu. Nikaona mlango ndio huu. Akimwona mwenzake anasema, labda na yeye atasema.

Deo akanitafutia ileile, iliyotiwa Kiswahili. Nikamtumia mama hapohapo bila kuisikiliza.

Nyie mnawajua madijei. Mtu anapigwa, yeye anatia utani. Nilikuja kusikia baadaye: fundi anaburutwa mlangoni, dijei anaangua kicheko, "Kwisha habari yake, mzee wa kupima viuno!"

Siku ya pili mchana nikapiga.

"Shikamoo mama."

"Marahaba."

Nikamuuliza kama ameiangalia.

"Nimeiona. Yule anayesema mle ndani, anacheka nini?"

Nikamwambia ndiyo kazi yake mama, anachangamsha watu.

Hapo ndipo aliposema.

"Baba yako naye walimcheka vivyo hivyo. Kaomba maji, wakacheka."

Akakata simu.

Hiyo ndiyo habari yote niliyonayo ya kifo cha baba yangu. Nimeitafuta maisha yangu yote, nimeipata, na haijanisaidia kitu. Nikifungua bomba la maji nasimama tu.

Deo ananiomba msamaha kila tukionana. Nimemwambia hana kosa, lakini muvi ofisini kwake haweki tena.

Mama hapokei simu zangu. Dada anasema mzima, anapika, anaswali, ila likitajwa jina langu anaondoka chumbani.

Nilichojifunza ni kwamba yule mama wa kwenye muvi alisema kwa sababu mwanawe alikuwa amekaa naye, mikono yao ndani ya bakuli moja. Mimi nilitaka wangu aseme kwa simu, nikiwa China, na nikamtangulizia kicheko.

Wakuu, kama kuna ambaye mzazi wake aliwahi kufunguka, niambie ulimwanza vipi. Wa kunitukana naye karibu, sitajibu.

Nimeshakata tiketi ya kurudi. Dada amemwambia mama nakuja, naye kajibu nifikie hotelini.