Wananitaka niitikie jina la mjomba, na hatujui kama amekufa

(Msomaji huyu ameomba tusimtaje yeye wala kijiji chake. Maneno ni yake mwenyewe.)

Salamu kwenu nyote mnaosoma ukurasa huu. Mimi ni mwanaume wa miaka thelathini na kidogo, Mmakonde wa Newala, mkata mkonge huku Tanga. Shule niliishia darasa la nne, mnisamehe nikiandika ovyo. Nina mke Mzigua na mtoto mmoja wa kike.

Huku shambani hakuna anayeniita jina langu. Nyapara ananiita Mmakonde, dukani naitwa Mmakonde, hata rafiki yangu Msukuma, Mabula, ananiita hivyo hivyo. Yeye jina lake tunalijua wote na maana yake tunaijua: alizaliwa mvua ikinyesha. Siku moja aliniuliza kwetu tunapewaje majina. Nikamwambia jina la utoto linaachwa jandoni. Ukitoka humo una jipya, na anayekuita lile la zamani amekutukana. Tena ukishakuwa mtu mzima unaweza kupewa jingine, la mjomba wako aliyekufa. Hapo unakuwa yeye. Watoto wake wanakuita baba, dada zake wanakuita kaka.

Mabula akacheka. "Kumbe kwenu watu hawafi, wanaachiana mashati tu!"

Nilicheka naye. Sikujua kwamba shati lenyewe linanisubiri.

Mjomba ndiye aliyenilea baada ya baba kutuacha. Jina lake silitaji, ila maana yake ni jiwe la kunolea. Wazee wanasema wa kwanza kuitwa hivyo alivuka Ruvuma na kupanda kule juu Newala akiwa hana kitu ila jiwe hilo, kwa sababu aliamini mwenye panga kali hakosi shamba. Tangu hapo jina linashuka kutoka kwa mjomba kwenda kwa mpwa. Vita vya ng'ambo ya mto huo vilipopamba moto, mjomba aliteremka kwenda kuwabebea wapiganaji mizigo. Mama alimwambia, "Kaka, wewe mtu mzima, waachie vijana." Akajibu, "Ndugu zetu wako kule. Nikae hapa nile ugali?" Akaenda. Sasa vita vimekwisha, Msumbiji wamepata uhuru wao, watu wanarudi, na yeye kimya. Mmoja anasema alimwona hospitalini. Mwingine anasema alimzika kwa mikono yake, lakini ukimwuliza wapi, leo anataja huku, kesho kule.

Mwaka huu nilipata likizo nikaenda nyumbani. Nilishuka Masasi, nikadandia lori la chumvi hadi Newala, kilichobaki nikatembea. Nyumba yetu sikuikuta. Wamehamishiwa kijiji cha Ujamaa, nyumba zimepangwa mistari kama kambi yetu ya mkonge, na mikorosho imebaki mbali, haina wa kuipalilia. Babu mdogo, anayesemea ukoo wetu, hakungoja hata nivue viatu.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Umefika vizuri. Unga wa mtama tumeshatwanga."

"Unga wa nini?"

"Wa kukuitia jina. Tutaumwaga chini, tutaita, wewe utaitikia. Mabinti zetu wanachumbiwa, hakuna mjomba wa kupokea posa. Ukoo ukae hivi mpaka lini?"

"Babu, mjomba hajulikani kama amekufa."

"Na wewe huko Tanga, unajulikana kama uko hai?"

Watu waliangua kicheko. Mimi nilitazama chini.

Mama alinivuta nyuma ya nyumba. "Mwanangu, ukiitikia jina lile umemzika kaka yangu. Na mimi nitafanyaje? Nimekuzaa, halafu nikuite kaka?" Nikadhani jibu nimepata. Lakini jioni mke wa mjomba alikuja, akakaa kwenye mkeka, akaongea bila kunitazama.

"Mama yako anaruhusiwa kumlilia kaka yake. Mimi nikilia, wanasema namwombea mume wangu kifo. Nikicheka, wanasema nimemsahau. Itikia, mwanangu. Nikae matanga, nilie, nimalize."

Asubuhi nilidanganya kwamba likizo imekwisha, nikaondoka. Babu alinisindikiza hadi barabarani, akasema wanangoja mpaka mvua za kupandia. Nisipokuja, jina watampa mtoto wa mama mdogo, yule wa Lukuledi, ambaye mjomba alikuwa hataki hata kula naye.

Mke wangu nilipomsimulia, kwanza alinitania. "Baba Rehema, nimeolewa na wewe. Nianze kumpikia marehemu?" Kisha akauliza kwa sauti ya chini kama yule mjane atakuwa mke mwenzake. Nikamwambia silazimishwi kumwoa, ni kumtunza tu yeye na wanawe. Hakuniamini. Tangu siku ile ananiita jina langu kamili kila mara, kama mtu anayeshikilia kitu kisichukuliwe.

Ndugu zangu, nakata mkonge tangu alfajiri, kila mtu na mstari wake, sisikii sauti ya mtu mpaka jua linapokuwa kali. Mawazo ndiyo yanayonila. Kuna saa natamani kuitikia, na si kwa ajili ya ukoo. Natamani tu pawe na mahali watu wakiniona wasimame, waseme jina, na jina hilo liwe na wazee nyuma yake. Nimechoka kuwa Mmakonde tu.

Kisha mawazoni namwona mjomba anarudi, mimi nikiwa nimeshaitikia na kuhamia kijijini. Kule alikoiacha nyumba yake anakuta majani. Anatembea hadi kijiji kipya, anawauliza watoto wa njiani kwa fulani ni wapi, akitaja jina lake mwenyewe, maana analijua hilo tu. Watoto wanamshika mkono, wanamleta mlangoni kwangu.

Nitamkaribisha kwa jina gani? Mvua ziko karibu. Nishaurini, niende nikaitikie au ninyamaze?